Kuandaa Emuleta ya Gemu za Zamani Kwenye Kompyuta: Kaseti na PlayStation ya Kwanza

Mtu anapopakua emuleta, yaani programu inayoiga mashine ya gemu za zamani, na kufungua gemu aliyoicheza utotoni, mara nyingi furaha yake hukatizwa mapema na jambo asiloweza kulitaja vizuri. Mhusika anakimbia upesi mno, muziki unakwenda mbio, picha imetanuka hadi duara limekuwa yai, na kitufe cha kuruka kinaitika kwa kuchelewa. Wengi huilaumu kompyuta, ilhali kompyuta haina kosa lolote na kasoro yote imo katika mipangilio ambayo hawakuelezwa na mtu yeyote. Kwa sababu hiyo mwongozo huu hautaishia pale gemu inapofunguka. Utaonyesha namna ya kuweka RetroArch, programu inayobeba emuleta, kwenye kompyuta ya Windows, kisha utakaa kwa kirefu juu ya padi, kasi na picha, kwa kuwa hayo ndiyo yanayoamua kama mikono yako itaitambua gemu ile au itaikana.

Nimechagua mashine mbili tu. Ya kwanza ni Famicom ya Nintendo, iliyotoka Japani tarehe 15 Julai 1983, ambayo wengi wetu hapa Mombasa hatukuijua kwa jina lake bali kupitia mashine za kuiga zilizotengenezwa Asia ya Mashariki, zenye kaseti za njano na padi zenye vitufe vya kufyatua mfululizo. Ya pili ni PlayStation ya kwanza, iliyotoka Japani tarehe 3 Desemba 1994. Anayeziweza hizi mbili hatapata taabu na Mega Drive, Super Nintendo wala Game Boy, kwa kuwa njia ni ileile. PlayStation 2 ni habari nyingine; hiyo huhitaji programu ya PCSX2 na kompyuta yenye nguvu zaidi, nami sitaigusa hapa.

Vitu vitatu ambavyo havipaswi kuchanganywa

Kabla ya kupakua chochote, tenganisha mambo matatu. Kuna emuleta yenyewe, yaani programu inayoiga kazi ya prosesa, picha na sauti ya mashine ya zamani. Kuna BIOS, programu ndogo iliyowekwa kiwandani ndani ya mashine halisi ili iweze kuwaka na kusoma diski. Famicom haina kitu hicho, PlayStation inacho. Na kuna gemu, yaani nakala ya yale yaliyomo ndani ya kaseti au diski. Mtu anayesema kwamba emuleta yake haifanyi kazi, mara nyingi emuleta yake ni nzima kabisa na kilichokosekana ni kimojawapo cha vile viwili vingine.

Utengano huu una maana kisheria pia. RetroArch ni programu huria, inayotolewa bure na watengenezaji wake. Huko Marekani mahakama ya rufaa iliamua mwaka 2000, katika kesi ya Sony dhidi ya Connectix, kwamba kuinakili BIOS kwa ajili ya kuichunguza na kutengeneza emuleta mpya kulikuwa matumizi ya haki, yaani yasiyovunja hakimiliki. BIOS yenyewe, hata hivyo, bado ni mali ya Sony, na gemu ni mali ya waliozitengeneza. Nchini Kenya programu za kompyuta zinalindwa na Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001, na kwamba gemu imezeeka au haiuzwi tena madukani hakuiondolei ulinzi huo. Ushauri wangu ni kutumia diski zako mwenyewe za asili, na kwa upande wa kaseti kuanza na gemu mpya ambazo watengenezaji wake wamezitoa bure kwa ajili ya mashine hiyo ya zamani. Nova the Squirrel ni mfano mzuri: ni gemu ya kuruka na kukimbia, msimbo wake uko wazi kwa kila mtu, na inafaa sana kuwa gemu ya kwanza ya majaribio. Pakua pia 240p Test Suite, ambayo si gemu bali ni mkusanyiko wa picha na sauti za kupimia, tutaihitaji.

Kompyuta, upakuaji na folda

Usinunue kompyuta mpya kwa kazi hii. Prosesa ya Famicom ilifanya kazi kwa kasi ya megahezi 1.79 na kumbukumbu ya kilobaiti 2. Ya PlayStation ilikuwa na megahezi 33.8 na kumbukumbu kuu ya megabaiti 2. Laptopu ya mtumba iliyotoka Uingereza, yenye Core i5 ya kizazi cha tatu na RAM ya gigabaiti 4, inazibeba zote mbili bila kutokwa jasho. Kinachoiumiza laptopu kama hiyo katika hali yetu ya hewa ni joto na vumbi, kwa hiyo isafishwe feni na iwekwe juu ya meza, si juu ya godoro.

Pakua RetroArch kutoka tovuti yake rasmi, retroarch.com, na uchague toleo la Windows la biti 64. Zipo tovuti nyingi nyingine zinazoitoa ikiwa imefungamanishwa na programu za matangazo, na hakuna sababu ya kuzitumia. Faili hiyo ni kubwa kiasi cha kuumiza bando la simu, hivyo ni busara kuipakua kwenye saiba au mahali penye Wi-Fi na kuibeba kwa flashi. Ukichukua faili iliyobanwa badala ya kisakinishi, ifungue kwa 7-Zip na uiweke moja kwa moja kwenye diski kuu, kwa mfano C:\RetroArch. Usiiweke ndani ya folda ya Program Files, kwa kuwa Windows huzuia programu kuandika humo bila ruhusa, na RetroArch inataka kuandika mipangilio na hifadhi zake ndani ya folda yake yenyewe.

Tengeneza folda nyingine kwa ajili ya gemu, mathalani C:\Gemu, na ndani yake folda moja kwa kila mashine. Jambo hili laonekana dogo, lakini anayemwaga faili zote kwenye folda ya upakuaji atajuta siku atakapokuwa na diski kumi zenye faili nyingi kila moja.

Fungua programu. Kwa kuwa hakuna padi bado, tumia vishale vya kibodi kutembea, X kukubali na Z kurudi nyuma. Ingia kwenye "Online Updater", kisha "Core Downloader". RetroArch yenyewe haiigi mashine yoyote. Ni ganda linalobeba viini, na kila kiini ndicho emuleta ya mashine fulani. Kwa kaseti chagua Mesen, ambacho kimejengwa kwa kujali usahihi kuliko kasi. Kwa PlayStation chagua PCSX ReARMed ikiwa kompyuta yako ni ya zamani au huna BIOS, na Beetle PSX ikiwa una BIOS na kompyuta yenye nguvu. Ukiwa bado katika menyu ya "Online Updater", sasisha pia taarifa za viini, wasifu wa padi na faili za "Slang Shaders" (vichujio vya kubadilisha sura ya picha), kisha uachane na menyu hiyo. Huna haja ya kupakua viini vyote vilivyoorodheshwa.

Sasa jaribu. Chagua "Load Content", ielekee folda yako ya gemu, chagua faili ya Nova the Squirrel, na RetroArch ikiuliza itumie kiini gani, ichagulie Mesen. Gemu itafunguka. Kitufe cha F1 kinakurudisha kwenye menyu wakati wowote bila kuifunga gemu, F kinajaza skrini nzima, na Esc, kikibonyezwa mara mbili, kinatoka.

Padi

Kibodi inatosha kwa majaribio tu. Kibodi nyingi haziwezi kusoma baadhi ya vitufe vitatu vikibonyezwa kwa pamoja, na kukimbia, kuruka na kufyatua kwa wakati mmoja ndiyo maisha ya gemu hizi. Padi ya USB ya bei nafuu inafaa, mradi kitufe chake cha mwelekeo kiwe imara. Kijaribu dukani kabla ya kulipa kwa kukibonyeza juu kabisa na kuhisi kama kinateleza upande wa kushoto au kulia. Padi ya Xbox au ya PlayStation 4 ni bora zaidi, nayo RetroArch huitambua mara nyingi pasipo kuambiwa lolote.

Padi isipotambuliwa, nenda "Settings", "Input", "RetroPad Binds", kisha "Port 1 Controls", na uchague kupanga vitufe vyote. Programu itakutajia kitufe kimoja kimoja nawe utabonyeza kinachofaa. Hapa wengi hukosea kwa sababu ya herufi. RetroArch huhesabu vitufe kwa mahali vilipo, kwa mpangilio wa Super Nintendo: B ni kitufe cha chini na A ni kitufe cha kulia. Padi ya Xbox imeandikwa A pale chini, na anayefuata herufi badala ya mahali atajikuta anaruka kwa kitufe cha kukimbilia. Fuata mahali. Ukifanya hivyo kidole gumba kitalala juu ya B na kuviringika kuelekea A, kama kilivyofanya juu ya padi ya zamani. Vitufe viwili vinavyobaki, X na Y, Mesen huvitumia kama A na B za kufyatua mfululizo, na kwa bahati njema huo ndio mpangilio ambao padi za mashine zetu za kuiga zilikuwa nao.

Kuchelewa kwa kitufe mara nyingi hakutoki kwenye padi. Ikiwa umeiunganisha kompyuta na runinga kwa waya wa HDMI, tafuta katika menyu ya runinga hali iliyoandikwa "Game" na uiwashe, kwa kuwa runinga za kisasa huichakata picha kabla ya kuionyesha na kazi hiyo huchukua muda ambao runinga nzito za zamani hazikuuhitaji. Vipokea sauti vya Bluetooth navyo huchelewesha sauti kiasi cha kuonekana. Tumia vya waya. Baada ya hayo, ikiwa bado unahisi uzito, ndani ya "Settings", "Latency", washa "Run-Ahead" kwa fremu 1, yaani picha moja. Usizidishe bila sababu, kwani kila fremu ya ziada huiongezea prosesa kazi na baadhi ya gemu huanza kurukaruka.

Kasi ambayo tuliizoea

Hapa ndipo mwongozo mwingi uliopo hautusaidii, kwa kuwa umeandikwa na watu wa Marekani na Japani kwa ajili ya wenzao. Runinga za kwao zilifuata mfumo wa NTSC, unaochora picha takriban mara 60 kwa sekunde. Kenya ilifuata PAL, unaochora mara 50. Gemu za Famicom zilihesabu wakati wake kwa picha: kila picha moja ikichorwa, mhusika husogea hatua moja na muziki husonga kidogo mbele. Gemu iliyotungwa kwa ajili ya picha 60 ikichezwa kwenye mashine ya picha 50, kila kitu hupungua kwa takriban sehemu moja ya sita, na wimbo wa dakika 1 huchukua sekunde 72.

Huo ndio mwendo tuliokua nao. Kwa hiyo anayefungua leo gemu ileile kwa mpangilio wa kawaida wa emuleta, ambao ni wa NTSC, anakutana na gemu iliyo sahihi kwa mtungaji wake na ngeni kwa mikono yake. Yuko kama mcheza chakacha aliyebadilishiwa mdundo katikati ya ngoma: miguu inazijua hatua, lakini ngoma imekwisha kutangulia.

Mtu anaweza kudhani kwamba suluhisho ni kuiweka emuleta kwenye PAL. Ni karibu, lakini si lenyewe. Mashine rasmi za Nintendo za Ulaya zilipunguza kasi ya prosesa pia, hadi megahezi 1.66, na kwa kuwa sauti hutengenezwa na prosesa hiyohiyo, gemu isiyorekebishwa kwa ajili yake huimba kwa sauti nzito zaidi. Mashine za kuiga zilizotengenezwa kwa nchi za PAL zilifanya jambo tofauti: zilichora picha 50, lakini prosesa yake ilibaki kwenye megahezi 1.77, karibu sana na ile ya Japani. Matokeo yake ni kwamba muziki ulikwenda polepole ilhali noti zilibaki pale zilipotungwa. Mesen inaujua mfumo huu na inauita "Dendy", kwa jina la mashine ya kuiga iliyouzwa Urusi kuanzia mwaka 1992. Gemu ikiwa wazi, bonyeza F1, ingia "Core Options", tafuta "Region", na ubadilishe kutoka "Auto" hadi "Dendy". Sikiliza muziki. Aliyecheza kwenye mashine za aina ile huenda akaitambua tofauti kabla wimbo haujarudi mwanzo.

Swali la kwa nini "Auto" haikubaini yenyewe lina jibu fupi. Faili ya kaseti huanza na baiti 16 za maelezo, na muundo wa zamani wa maelezo hayo haukuwa na njia ya kuaminika ya kutaja mfumo wa runinga. Muundo mpya, NES 2.0, una nafasi hiyo, lakini faili nyingi bado ziko katika muundo wa zamani. Emuleta isipoelezwa hukisia, na hukisia NTSC.

Linabaki tatizo moja. Skrini ya laptopu huonyesha picha 60 kwa sekunde, na ukiipa gemu ya picha 50, kila picha ya tano italazimika kuonyeshwa mara mbili, hivyo mandhari yanapopita kando utaona yanatikisika kidogo. Kwa skrini ya laptopu isiyo na uwezo wa kubadilika, mtikisiko huo hauepukiki, na mtu atachagua kati ya mwendo wa zamani wenye mtikisiko na mwendo wa kasi ulio laini. Runinga ndiyo inayotuokoa: runinga nyingi zinazouzwa hapa hukubali picha 50 kwa sekunde kupitia HDMI. Katika mipangilio ya kina ya skrini ya Windows, chagua runinga hiyo na uiweke kwenye Hz 50, kisha ndani ya RetroArch, chini ya "Settings", "Video", "Output", weka kiwango hichohicho kwenye "Vertical Refresh Rate". Fungua 240p Test Suite na utumie jaribio lake la mandhari yanayosogea; mistari ikipita bila kukwama, umefaulu. Mimi huona kwamba hatua hii moja ina thamani kuliko mapambo yote ya picha yaliyo ndani ya programu.

Picha

Famicom huchora picha ya pikseli 256 kwa 240, na runinga ya zamani iliitanua ikajaa umbo la 4:3. Chini ya "Settings", "Video", "Scaling", weka umbo kuwa 4:3 na ukubali ukanda mweusi pande zote mbili za skrini pana. Kuijaza skrini yote ni kuiharibu picha.

Ukitaka mistari ya runinga ya kioo, fungua "Shaders" katika menyu ya gemu na uanze na kichujio cha zfast-crt, ambacho ni chepesi kwa kadi za picha za laptopu za zamani. Wachoraji wa gemu hizi walijua kwamba rangi zingechanganyikana kidogo juu ya kioo, na baadhi ya vivuli vyao huonekana kama madoadoa hadi picha ilainishwe. Zaidi ya hapo ni suala la ladha.

PlayStation

Diski ya PlayStation haiwezi kunakiliwa kwa kuburuta faili zake hadi kwenye kompyuta. Unahitaji picha kamili ya diski, yaani nakala ya kila kilichomo ndani yake, na ikiwa laptopu yako haina kisomaji, tafuta cha nje cha USB. Safisha diski kwa kitambaa laini kikavu, ukipangusa kutoka katikati kwenda ukingoni wala si kwa kuzungusha, na uikague dhidi ya mwanga, kwa sababu unyevu wa pwani huacha ukungu na madoa yanayochelewesha usomaji. Programu ya ImgBurn, kwa chaguo la kutengeneza faili ya picha kutoka kwenye diski, itakupa faili mbili: moja kubwa inayoishia na .bin na moja ndogo sana inayoishia na .cue.

Faili hiyo ndogo usiitupe. Ni maandishi matupu yanayoweza kusomwa kwa Notepad, nayo hutaja jina la faili kubwa na mahali kila wimbo unapoanzia. Gemu nyingi za PlayStation ziliweka muziki kama nyimbo za kawaida za diski baada ya sehemu ya data, na anayefungua .bin peke yake anaweza kucheza gemu nzima bila muziki akidhani imeharibika. Fungua .cue kila mara. Ukibadilisha jina la .bin, fungua .cue na urekebishe jina lililomo ndani, la sivyo gemu haitaonekana kabisa.

Halafu kuna BIOS. PCSX ReARMed ina mbadala wake wa ndani unaofungua gemu nyingi bila faili ya Sony, ingawa baadhi hukwama. Beetle PSX huitaka BIOS halisi, nayo inapaswa kutolewa kwenye mashine uliyo nayo. Faili hiyo huwekwa ndani ya folda iitwayo "system" katika RetroArch, kwa jina la herufi ndogo: scph5502.bin kwa gemu za Ulaya, scph5501.bin kwa za Marekani, na scph5500.bin kwa za Japani. Ukubwa wake ni baiti 524,288 kamili. Ikiwa pungufu au zaidi, imeharibika. Kuhakikisha kwamba imetambuliwa, pakia kiini, kisha angalia "Information", "Core Information", ambapo faili zilizopo na zilizokosekana huorodheshwa wazi.

Utajuaje gemu yako ni ya eneo gani? Soma msimbo uliochapishwa juu ya diski. SLES na SCES ni za Ulaya, SLUS na SCUS ni za Marekani, SLPS, SLPM na SCPS ni za Japani. Diski za Ulaya ni za picha 50, kwa hiyo yale niliyosema kuhusu runinga yanahusika hapa pia. Aidha, baadhi ya diski za Ulaya zina kinga iitwayo LibCrypt, ambayo alama zake nakala ya kawaida ya .bin haizihifadhi, gemu hizo huanza vizuri na kukwama baadaye, mpaka ziwekewe faili ndogo ya .sbi yenye jina lilelile kando ya .cue.

Kwa gemu yenye diski zaidi ya moja, andika faili ya maandishi yenye majina ya .cue zote, kila moja kwenye mstari wake, na uihifadhi kwa mwisho wa .m3u. Ifungue hiyo badala ya diski ya kwanza, na gemu itakapodai diski ya pili utaibadilisha kupitia "Disc Control" bila kupoteza ulipofika.

Beetle PSX ina toleo la HW linaloongeza ukali wa picha mara kadhaa kuliko ule wa asili. Sikukatazi, lakini cheza kwanza kwa ukubwa wa asili. Sura na mandhari ya wakati ule yalichorwa kwa ajili ya picha ya takriban pikseli 320 kwa 240, na yakikuzwa sana hufichua kingo ambazo hazikukusudiwa kuonekana.

Kuhifadhi ulipofika

RetroArch ina aina mbili za hifadhi, na kuzichanganya kumewapotezea watu safari za wiki nzima. Ya kwanza ni ile ya gemu yenyewe, yaani betri ya kaseti au kadi ya kumbukumbu ya PlayStation, ambayo huandikwa katika folda ya "saves" kama faili ya .srm. Ya pili ni picha ya papo hapo ya mashine nzima, inayochukuliwa kwa F2 na kurudishwa kwa F4, na huwekwa katika folda ya "states". Hii ya pili ni rahisi mno, lakini imefungamana na toleo la kiini. Kiini kikisasishwa, huenda isifunguke tena. Itumie kwa kujaribu mahali pagumu, na safari ndefu uihifadhi ndani ya gemu.

Ile ya kwanza nayo ina hatari yake. Bila mpangilio wa ziada, RetroArch inaweza kuiandika .srm kwenye diski pale tu unapoifunga gemu, na stima ikipotea kabla ya hapo, kwenye kompyuta ya mezani isiyo na UPS, yote uliyohifadhi jioni hiyo yanatoweka ingawa gemu ilikuambia imehifadhi. Nenda "Settings", "Saving", na uweke "SaveRAM Autosave Interval" kuwa sekunde 10. Kisha, mara kwa mara, nakili folda za "saves" na "system" pamoja na faili ya retroarch.cfg kwenye flashi. Ukihamia kompyuta nyingine, utazirudisha mahali pake na kuendelea pale ulipoachia.